Mwigizaji Anapoishika Kamera

Februari 2023, kwenye tamasha la filamu la Berlin, The Survival of Kindness ya mwongozaji Rolf de Heer wa Australia ilipata tuzo ya FIPRESCI, shirikisho la wahakiki wa filamu duniani. Aliyeibeba filamu hiyo mabegani ni Mwajemi Hussein, mwanamke wa Kongo aliyefika Australia akiwa mkimbizi, na ambaye kabla ya hapo hakuwahi kuigiza wala kukanyaga ukumbi wa sinema. Tunamkuta amefungiwa kwenye kizimba cha chuma jangwani, ameachwa afe kwa jua na kiu. Mazungumzo ya kueleweka hakuna, na wengi anaokutana nao wameficha nyuso kwa vinyago vya kujikinga na gesi. Hadithi karibu yote tunaisoma kwenye uso mmoja na mikono miwili: anavyozitazama nondo, anavyopima nguvu zake kabla ya kuzitumia, anavyonyamaza bila kukata tamaa.

Msomaji wa Fizi au Baraka, huku Kivu Kusini, anaweza kuuliza: hapo ameigiza nini? Tangu 1996 maelfu ya watu wa huku wamevuka Ziwa Tanganyika kwenda Kigoma, Tanzania, wakaishi katika kambi za Lugufu na Nyarugusu. Kukimbia tunakujua bila kufundishwa. Swali hilo lina sura ya sifa, lakini linamnyang'anya mama huyu ufundi wake. Aliyepatwa na jambo hulikumbuka, tena mara nyingi bila kutaka. Mwigizaji hulirudia kwa makusudi, mbele ya watu wenye saa mkononi, mara ya tatu kama ya kwanza, huku akijua kamera iko upande gani. Wapo pia watakaosema kwamba kazi ni ya de Heer, aliyeandika na kuongoza. Ni kweli, ila filamu isiyo na maneno humwachia mwigizaji maamuzi ambayo kwingine angeyafanya mwandishi: atulie kwa muda gani, ageuze kichwa lini. Uongozaji huanzia hapo hapo.

Safi Faye wa Senegal aliifuata njia hiyo, ya kutoka uigizaji hadi uongozaji, mpaka mwisho. Alikuwa mwalimu, akaigiza katika Petit à petit ya Mfaransa Jean Rouch, kisha akasomea filamu Paris. Mwaka 1975 alitoa Kaddu Beykat, iliyosimuliwa kama barua kutoka kijijini, ambamo wakulima wenyewe wanajadili karanga inavyowadhulumu. Hutajwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya mwanamke wa Afrika kusini mwa Sahara kusambazwa kibiashara. (Lupita Nyong'o wa Kenya alikwenda kinyume: aliongoza In My Genes, kuhusu watu wenye ualbino, mwaka 2009, na Oscar ya uigizaji ikamjia 2014.)

Fizi imepigwa picha sana, lakini mwanamke wake huitwa mbele ya kamera kama shahidi. Februari 2011, mahakama ya kijeshi inayotembea ilipokaa Baraka kuhukumu ubakaji wa usiku wa mwaka mpya mjini Fizi, wapiga picha wa nje walikuwapo. Ushahidi ule ulikuwa wa lazima, na watu walihukumiwa. Hata hivyo shahidi hujibu alichoulizwa, na picha yake huchaguliwa mbali naye.

Kwamba kutengeneza filamu zetu wenyewe hapa ni kugumu, kwa kuwa umeme ni wa shida na barabara ya Uvira ina mashaka, hilo halina ubishi. Lakini waigizaji wapo tayari. Vikundi vya uhamasishaji huigiza migogoro ya ardhi na maridhiano kwa ujumbe ulioagizwa na mashirika, na simu inayorekodi si kitu kigeni sokoni. Anayeigiza mke aliyerudi kutoka Nyarugusu akakuta shamba lina mtu aachiwe aseme tukio lianzie wapi: mpakani mwa shamba, kwa chifu, au jikoni kwa mama mkwe, ambako mashirika huingia kwa nadra.