Taharuki Isiyoficha Mwisho

Tufundishapo taharuki darasani, aghalabu huwaambia wanafunzi kwamba mtunzi hodari huuficha mwisho wa kisa chake. Filamu ya Mfaransa Robert Bresson, iliyotoka mwaka 1956, yatulazimisha kuipima upya kauli hiyo. Jina lake, Un condamné à mort s'est échappé, lina maana kwamba aliyehukumiwa kufa ametoroka. Mwisho, basi, umekwisha kutajwa mlangoni. Hata hivyo mtazamaji hukaa roho mkononi hadi tamati.

Kisa kimetokana na kumbukumbu za André Devigny, mwanajeshi aliyetoroka gereza la Montluc, mjini Lyon, mwezi wa Agosti 1943, Ufaransa ilipokuwa imekaliwa na Wajerumani. Katika filamu anaitwa Fontaine. Kijiko cha chuma anakinoa kikawa patasi, nacho anazibandua mbao za mlango siku baada ya siku. Blanketi na waya wa kitanda anavifanya kamba. Mateso yenyewe hatuonyeshwi. Twasikia tu hatua za mlinzi, mlio wa funguo, risasi uani. Sikio ndilo litishikalo kwanza, na moyo hufuata.

Kilele cha kisa si ukuta, bali ni mtu. Fontaine akiwa karibu kutoroka, chumbani mwake analetwa kijana wa miaka 16, Jost, mavazi yake nusu ya Kifaransa, nusu ya Kijerumani. Je, ni mpelelezi? Amwue au amwamini? Anamwamini, na wafikapo ukutani anatambua kwamba peke yake huenda asingeupanda. Wahenga wetu walikwisha kunena: kidole kimoja hakivunji chawa.

Dosari haikosi. Wachezaji wake, ambao hawakuwa waigizaji wa kazi, husema kwa sauti kavu, hata aliyezoea michezo ya jukwaani aweza kuwaona baridi. Walinzi nao hawana nafsi, ni vivuli. Juu ya hili la pili twamtetea mtunzi: tunaona kile tu akionacho mfungwa.

Kwetu walimu, funzo ni hili. Swali la taharuki si "Kitatokea nini?" peke yake. Lililo zito zaidi ni "Kitatokeaje, na utu wa mhusika utasalimika?" Tuwaulize wanafunzi wetu swali hilo katika kila riwaya wasomayo.