Karanja, Jeroge na Zuwanie: Uigizaji wa Earl Cameron

Katika uhakiki wa filamu, mhusika mdogo huchukuliwa kuwa chombo tu cha kumjenga mhusika mkuu. Dhana hii haitoshi kuieleza kazi ya Earl Cameron (1917–2020), mzaliwa wa Bermuda aliyefika Uingereza mwaka 1939 akiwa baharia, na ambaye katika Pool of London (1951) aliigiza baharia Mjamaika anayevutiwa na msichana mzungu. Kwa msomaji wa Kenya, uzito zaidi umo katika filamu mbili zilizofuata: Simba (1955) ya Brian Desmond Hurst na Safari (1956) ya Terence Young. Zote zilitolewa wakati hali ya hatari iliyotangazwa Oktoba 1952 ilipokuwa ingali ikitawala nchini.

Katika Simba, Cameron ni Daktari Karanja, Mgikuyu msomi anayeshukiwa na walowezi na kuchukiwa na wapiganaji. Mkinzano mzito kuliko yote ni wake: anatambua kwamba kiongozi wa siri wa Mau Mau ni babake mzazi, naye analazimika kumfichua. Mlowezi anayeigizwa na Dirk Bogarde anatakiwa tu kubadili mtazamo wake kuhusu Waafrika. Karanja anapoteza baba na uhai. Hata hivyo, masimulizi yamepangwa kumfuata mlowezi. Itikadi ya filamu ni bayana. Mwafrika mwema ni yule anayemtoa mzazi wake, na dai la ardhi, kiini cha vita vyenyewe, halipewi msemaji wa kuaminika. Cameron anaukiuka mpango huo kwa utulivu wake. Karanja wake haombi kuaminiwa. Anajibu tuhuma kwa sauti ya chini, kama mtu aliyechoka kujieleza, na hadhira hujikuta ikimtazama yeye badala ya Bogarde.

Safari haina mengi ya kuhakiki. Cameron ni Jeroge, muuaji asiye na sababu. Hata jina lenyewe si la Kigikuyu. Yamkini mwandishi alikusudia Njoroge, na hakuna aliyejali kumsahihisha.

Baadaye alikuwa daktari tena katika Sapphire (1959), mwanaanga katika mfululizo wa televisheni Doctor Who (1966), na msaidizi wa James Bond katika Thunderball (1965), sehemu ambazo nyingi zilimpa dakika chache tu. Nishani ya CBE ilimfikia mwaka 2009. Lakini ni The Interpreter (2005) inayorejesha swali la Simba. Hapa Cameron ni Rais Zuwanie, mkombozi aliyegeuka mdhalimu, anayelazimishwa na mwanamke mzungu mwenye bastola kuyasoma maneno ya kitabu chake mwenyewe cha zamani. Baada ya miaka 50, hatima ya Mwafrika ingali mkononi mwa mzungu. Tofauti ni kwamba safari hii kamera inatulia usoni pa mzee huyo, na kumwacha asome.