Mwanamke Asiye na Jina: Tafakari juu ya Tamthilia ya Kimathi

Tamthilia ya The Trial of Dedan Kimathi, iliyotungwa na Ngũgĩ wa Thiong'o pamoja na Mĩcere Gĩthae Mũgo na kuchapishwa mwaka 1976, ilipata kutafsiriwa kwa Kiswahili kwa jina la Mzalendo Kimathi. Ni desturi kuisoma kama habari za shujaa mmoja, aliyenyongwa na serikali ya kikoloni tarehe 18 Februari 1957. Sisi twaona kwamba usomaji huo ni pungufu.

Anayeisukuma tamthilia mbele si mfungwa aliye kizimbani, bali ni mwanamke anayewapita askari akiwa na silaha iliyofichwa ndani ya mkate. Ndiye pia anayewapatanisha na kuwafunza mvulana na msichana watakaoendeleza kazi yake. Lakini jina hana. Anaitwa Mwanamke tu. Hata Shaw Henderson, mtumishi wa dola, ana jina.

Yawezekana tukajibiwa kwamba vijana wale nao hawakupewa majina, na kwamba mwanamke huyu amewekwa badala ya wengi. Jibu hilo lina uzito. Katika vita vya Mau Mau kutojulikana kulikuwa ngao: aliyepeleka chakula, risasi au habari msituni hakupaswa kutajwa, maana aliyekamatwa angeweza kuteswa mpaka aseme. Kumbukumbu iliyozinduliwa katika bustani ya Uhuru Park, Nairobi, mwaka 2015 yaonyesha jambo hilo: mwanamke ampa mpiganaji chakula, wala hawatazamani usoni.

Hata hivyo, ngao ya wakati wa vita haifai kugeuzwa kaburi wakati wa amani. Katika tamthilia, Kimathi aahidi kwamba vita vikiisha wanawake watajengewa kumbukumbu mijini. Mwaka 2007 Kimathi mwenyewe alisimamishiwa sanamu Nairobi, nayo yaitwa kwa jina lake; mwanamke wa Uhuru Park hana jina. Na majina hayakukosekana. Muthoni wa Kirima, aliyepewa cheo kile kile cha ujemadari alichokuwa nacho Kimathi, alikaa msituni hadi uhuru wa mwaka 1963, akafariki mwaka 2023.

Basi mwalimu anayeifundisha tamthilia hii asiishie kumsifu Mwanamke. Awaulize wanafunzi wake swali ambalo waandishi hawakulijibu: alikuwa nani?