Namna ya Kulitambua Faili Bora la Lugha Katika Gemu

Tafsiri ya gemu haipimwi kwa kutazama skrini peke yake. Fungua faili la lugha. Maneno mengi yanayokera mchezoni yaliharibikia humo, kabla mtafsiri hajaanza kazi.

Chukua Minecraft ya Java. Tangu toleo la 1.13 la mwaka 2018, maneno yake hukaa kwenye mafaili ya JSON: kushoto ufunguo usiobadilika, kulia maneno anayoyaona mchezaji. Anza na ufunguo. Ukikuta gui.back, unajua mara moja kuwa ni kitufe cha menyu, nawe unaandika "Rudi". Gemu inayoupa ufunguo namba tupu humwacha mtafsiri gizani. Akilitafsiri "Back" kuwa "Mgongo", usimlaumu.

Kipimo ninachokithamini kuliko vyote ni rangi. Mtengenezaji mvivu huhifadhi neno "nyekundu" mara moja, kisha hulibandika kwenye kila kitu. Kiingereza hakitamsuta. Sisi tutapata "kitanda nyekundu" na "zulia nyekundu", na mtafsiri hana la kufanya. Minecraft imekipa kila kitu ufunguo wake kwa kila rangi: red_bed, red_carpet, red_wool. Basi tunaandika kitanda chekundu, zulia jekundu, sufu nyekundu, kila kivumishi kikifuata ngeli yake. Rangi ziko 16, kwa hiyo faili hurefuka na kazi huchosha, lakini urefu huo ni heshima kwa lugha zote zitakazokuja.

Kisha tazama sentensi zenye nafasi za kujazwa. Katika death.attack.player.item, ujumbe wa mchezaji kuuawa, %1$s ni aliyekufa, %2$s muuaji, %3$s silaha. Kiingereza huanza na aliyekufa. Mtafsiri mzuri anaweza kuandika "%2$s amemuua %1$s kwa %3$s", na namba zile zitahakikisha kila jina limekaa mahali pake. Alama zisizo na namba hujazwa kwa zamu tu. Ukigeuza sentensi, marehemu anakuwa muuaji.

Sasa cheza. Ufunguo ukikosa tafsiri, Minecraft huonyesha Kiingereza. Ukikosekana hata huko, ufunguo wenyewe hutokea mtupu kwenye skrini. Ingia menyu za ndani kabisa, mipangilio ya sauti na kibodi, maana huko ndiko watafsiri huchoka. Kagua na vitufe: "Hifadhi na Uondoke" ikikatwa katikati, anayepaswa kurekebisha ni aliyechora kitufe.