Ukuta, Sauti na Nafsi

Iko falsafa moja, kongwe kwa umri lakini ijuayo kubadili mavazi, inayofundisha kuwa nyumba si mawe na chokaa tu. Vipimo vya nyumba, yasema, ni nambari. Nambari ndizo mama wa sauti. Na sauti ndiyo ufunguo wa nafsi. Kwa hiyo aketiye ndani ya jengo lililopimwa kwa siri hiyo huinuka fikra zake hata kama hana habari, na akaaye ndani ya jengo lisilopimwa huishi nusu usingizini. Mafundisho haya yana mvuto mkubwa kwa vijana, kwa maana yaahidi hekima bila ya taabu: ingia, keti, ubadilike. Nataka tuyahakiki, na mahali pa kuyahakikia si kasri wala hekalu. Ni Mowlem, mtaa wa mashariki ya Nairobi ulio jirani na Dandora na Umoja, mahali pa nyumba za ghorofa zilizobanana na makanisa ya mabati. Falsafa ya nyumba isiyoweza kubisha hodi Mowlem ni falsafa ya nyumba chache mno.

Asili yake husimuliwa kuwa ni Pythagoras wa Uyunani. Uzi uliovutwa ukizuiwa katikati, nusu yake hutoa sauti ile ile katika daraja ya juu. Wafuasi wake wakatoka hapo wakasema ulimwengu wote umejengwa kwa nambari. Baada ya karne nyingi Wajerumani Schelling na Goethe wakalinganisha usanifu wa majengo na muziki ulioganda. Na mwaka 1958, katika maonyesho ya Brussels, Le Corbusier na Xenakis wakajenga banda la kuta zilizopindapinda, muziki wa Edgard Varèse ukamwagwa ndani yake kwa spika mamia. Banda lile lilibomolewa muda mfupi baada ya maonyesho.

Hapa ndipo penye kosa la kwanza la falsafa hii: huuchukua mfano ikaufanya ushahidi. Moja kwa mbili katika uzi ni jambo la sikio. Moja kwa mbili katika mlango ni jambo la jicho, na hapana mtu aliyeupita mlango kama huo akasikia wimbo kwa sababu ya kimo chake. Kulinganisha jengo na muziki ni ushairi mzuri, nami siuchukii. Lakini mshairi akishuka jukwaani akadai mshahara wa mganga, hatuna budi kumwomba dawa yake tuione.

Dawa yenyewe ipo, na twaweza kuiona karibu na kwetu. Katika Msikiti Mkuu wa Kilwa Kisiwani, uliopanuliwa kwa kuba na matao yapata mwanzo wa karne ya 14, miaka ile ile ya Sultani al-Hasan bin Sulaiman aliyemkaribisha Ibn Battuta mwaka 1331, mafundi walijenga kwa mawe ya matumbawe na chokaa. Kama ilivyo katika misikiti yote, imamu huelekea kibla na kuwapa waumini mgongo. Sauti yake basi huenda ukutani kwanza. Mihrabu, kile kidaka kilichopinda mbele yake, kazi yake ya kwanza ni kuonyesha kibla. Walakini uso wake wa mviringo huipokea sauti na kuirudisha kwa watu walio nyuma. Hapana siri ya nyota hapo. Lakini aliyesimama safu ya nyuma husikia kisomo, na akisikia moyo wake huhudhuria. Kwa hiyo jengo, sauti na nafsi zimeungana kweli. Ila zimeungana kwa umbo la jiwe na safari ya sauti, wala si kwa nambari takatifu.

Safari hiyo hupimika. Mwaka 1895 Wallace Sabine, mwalimu kijana wa fizikia katika Chuo Kikuu cha Harvard, alipewa kazi ya kutibu ukumbi mpya wa mihadhara ambamo maneno hayakueleweka. Neno likisemwa liliendelea kuvuma kwa sekunde tano na zaidi. La pili likalifuata la kwanza likiwa bado hai, yote yakawa uji. Sabine hakuuliza nyota. Alibeba mito ya viti kutoka ukumbi mwingine, akafanya kazi usiku penye utulivu, akapiga bomba la kinanda na kuhesabu kwa saa muda wa sauti kufa. Kila mito ilipozidi, muda ulipungua. Akapata kanuni yake: mvumo huzidi kwa ukubwa wa chumba, na hupungua kwa wingi wa vitu vinavyomeza sauti, na mwili wa binadamu ni kimoja cha vitu hivyo. Msomaji aone uzuri wa jambo hili, kwani kwangu mimi lashinda mafumbo yote ya Pythagoras: kusanyiko lenyewe ni sehemu ya jengo.

Turudi sasa Mowlem. Bati ni gumu, hurudisha sauti kali ndani. Tena ni jembamba na jepesi, hivyo sauti nzito za ngoma na gitaa la besi hulipenya kama maji katika chujio. Mhubiri aliye ndani hajisikii vizuri, naye huongeza spika. Jirani aliye nje humsikia kupita kiasi. Mvua ikinyesha juu ya paa lile mahubiri hukoma na wimbo huanza, kwa sababu wimbo wa watu mia hushinda bati na mtu mmoja hashindi. Mwenye falsafa atasema jengo hili ni duni, halina vipimo. Mimi nasema waimbao humo wamejua lugha ya jengo lao kuliko yeye.

Lakini kosa lake kubwa zaidi ni kuwa hamjui jirani. Katika vitabu vyake vyote yuko mtu mmoja na jengo moja, na kimya pande zote. Mjini hapana mtu wa namna hiyo. Huko New York, Arline Bronzaft na mwenzake walichunguza shule moja iliyo kando ya reli ya juu, wakatangaza matokeo mwaka 1975: watoto wa madarasa yaliyoelekea reli walikuwa nyuma katika kusoma, wale wa darasa la sita karibu mwaka mzima, kuliko wenzao wa upande wa utulivu wa jengo lile lile. Reli ikatiwa mpira na madarasa yakatiwa dari za kumeza sauti. Uchunguzi wa mwaka 1981 ukaonyesha tofauti ile imekwisha. Vipimo vya jengo havikubadilika hata inchi moja.

Kenya nayo ilitunga kanuni za kelele mwaka 2009, zikaweka desibeli 35 kuwa kikomo cha usiku mitaani. Nambari hii haina utakatifu wowote, nami naiheshimu kuliko zile zenye utakatifu. Ila mwanafunzi wa Mowlem aliyeinamia kitabu saa tatu usiku haishi ndani ya kanuni. Anaishi ndani ya chumba. Pazia zito na godoro lililosimamishwa ukutani hupunguza mwangwi wa chumbani, wala havizuii ngoma itokayo nje. Hiyo huzuiwa na uzito wa ukuta na kuzibwa kwa nyufa. Ukuta wa mawe anao. Dirisha likifungwa kelele hupungua, na chumba cha watu watano hukosa hewa. Likifunguliwa hewa huingia pamoja na ngoma. Juu ya dirisha hilo falsafa ya nambari haijaandika hata mstari mmoja.