Punda wa Methali na Punda wa Kulamawe

Chukua methali mbili ambazo kila mtahiniwa anazijua: "Asante ya punda ni mateke" na "Afe punda, mzigo wa bwana ufike." Ukiulizwa maana, utajibu haraka kwamba ya kwanza inakashifu utovu wa shukrani na ya pili inasifu ustahimilivu. Alama utapata. Lakini je, umejiuliza msemaji ni nani? Methali zote mbili zinasemwa na mwenye mzigo. Teke la punda halina historia: hatuambiwi alipigwa mara ngapi kabla ya kurusha miguu.

Sheria ya Kenya imejaribu kumsemea. Sheria ya Kuzuia Ukatili kwa Wanyama, Sura ya 360, inamhesabu kuwa mkosaji anayempiga mnyama kikatili au kumbebesha kupita kiasi. Kwa maneno mengine, bwana wa methali yetu angeweza kushtakiwa!

Kinaya kikubwa zaidi kilikuja baada ya 2012, serikali ilipomwingiza punda katika orodha ya wanyama wa kuchinjwa. Kuanzia 2016 machinjio yalifunguliwa, na ngozi zikasafirishwa hadi China kutengenezwa dawa ya ejiao. Sensa ya 2009 ilihesabu punda milioni 1.8, ile ya 2019 takriban milioni 1.2. Wizi ulienea. Waziri alipiga marufuku uchinjaji mwaka 2020, Mahakama Kuu ya Naivasha ikaiondoa marufuku hiyo Mei 2021, kisha Februari 2024 Umoja wa Afrika ukapitisha katazo la bara zima dhidi ya kuwachinja punda kwa ajili ya ngozi. Tazama jinsi methali ilivyopinduka: punda hafi tena ili mzigo ufike. Yeye mwenyewe ndiye mzigo.

Mwalimu mwenzangu mmoja alinipinga. Alisema methali hizi hazihusu punda hata kidogo, bali watu, nami nikimfundisha mwanafunzi kumhurumia mnyama nitamkosesha alama. Kuhusu maana ya ndani, ana haki. Hata hivyo, istiari haisimami bila picha yake, na picha hii inategemea msikilizaji kuona kipigo kuwa jambo la kawaida. Mtahiniwa anayeeleza hilo hajapotoka. Amehakiki mtazamo wa msemaji.

Twende Kulamawe, kwenye barabara ya kutoka Isiolo kuelekea Garbatulla. Jina lenyewe ni sitiari ya ukame, na pengine lingetosha kuwa swali la Karatasi ya Tatu. Katika nchi kavu kama ile, punda ndiye bomba la maji la nyumba. Mwulize mwanafunzi wa huko methali ya mzigo, halafu umwulize punda akiibwa usiku, asubuhi mtungi wa lita 20 hubebwa na nani. Atakujibu bila kufikiri: mama.