Taji la Vitambi: Mashindano ya Urembo katika *Shetani Msalabani*

Watahiniwa wengi wakiulizwa kuhusu kejeli katika riwaya ya *Shetani Msalabani* huandika kwamba Ngũgĩ wa Thiong'o anawadhihaki matajiri, kisha huweka kalamu chini. Si kosa, ila ni nusu ya jibu. Kwa maoni yangu, mashindano ya wezi katika pango la Ilmorog ni mashindano ya urembo yaliyopinduliwa.

Hebu tutazame kanuni zake. Mshindani hupanda jukwaani mbele ya wageni wa ng'ambo, akataja jina na anwani, idadi ya wake na mahawara, na aina ya magari yake. Ndaaya wa Kahuria, mwizi mdogo aliyekonda na anayeiba kwa sababu ya njaa, anafukuzwa kwa kelele. Baada yake inatangazwa kwamba asiye na tumbo kubwa na mashavu manono asijisumbue kupanda. Kitambi kimechukua nafasi ya kiuno chembamba! Mwalimu asiishie kuiita hii chuku. Amwulize mwanafunzi ni nani aliyeweka kipimo.

Swali hilo linaturudisha mwanzoni mwa riwaya, ambapo Wariinga anajichubua ngozi kwa krimu na kuchoma nywele kwa chanuo la moto. Wengi hulifundisha tukio hili peke yake, chini ya maudhui ya utamaduni. Hata hivyo, Wariinga na wezi wale wanajipima kwa jicho lilelile la mgeni. Tofauti ni kwamba wao hupigiwa makofi, naye huchukia mwili wake. (Jukwaa lenyewe lina nguvu: Tanzania ya ujamaa iliyapiga marufuku mashindano ya urembo mwaka 1968, yakarejea 1994, Moscow ya Kisovieti ilivika mrembo wake taji mwaka 1988.)

Kasoro ipo. Katika sehemu ya pili Wariinga ni mwanafunzi wa uhandisi, hachomi nywele tena, anashika spana. Lakini msimulizi bado anatusimulia jinsi nguo zilivyomkaa. Msichana mmoja wa kidato cha nne aliniuliza, darasa likiwa limejikunyata kwa baridi ya Timboroa, "Mwalimu, mbona hata akiwa fundi lazima tuambiwe alivyopendeza?" Wavulana walicheka. Nilitafuta jibu katika mwongozo, sikulipata. Nikamwomba swali hilo aliandikie insha.